Mtetemo wa Kanja

Meru, 3 Februari 2025

Mzee Sulemani,

Salamu kutoka Meru. Hunijui, nami sikujui ila kwa maandishi madogo yaliyo pembeni mwa picha: "Sulemani Video, Embu". Naitwa Gatwiri. Nafanya kazi katika studio moja hapa Makutano. Watu hutuletea kanda zao za zamani, nasi tunazihamishia kwenye kompyuta.

Mwezi uliopita mama mmoja alileta kanda ya harusi yake uliyoipiga wewe mwaka wa 2001. Harusi ikaisha, bibi harusi akaingia kwenye gari, na mimi nikaiacha kanda iendelee kuzunguka huku nakunywa chai. Mara kikatokea kitu kingine kabisa. Stoo ya mabati, jua linaingia kupitia matundu ya misumari, na vijana wamejaa wanaruka. Hapakuwa na bendi wala mwimbaji. Kulikuwa na spika, kompyuta nene ya zamani, kibodi ya muziki, na muziki wa umeme mtupu unaogonga kama moyo wa mtu aliyekimbia. Kipande chenyewe kilikuwa kifupi. Nadhani uliipiga harusi juu ya kanda iliyokuwa imetumika tayari.

Mzee, nimekua nikiambiwa muziki huu ulikuja juzi na intaneti, kwamba ni mambo ya Nairobi na ya ng'ambo. Sikujua watu wa huku waliucheza kabla mimi sijazaliwa. Nataka kukusanya picha zote zilizobaki za ngoma hizo na kuziweka mahali ambapo hazitapotea. Kanda zinakufa. Ukungu unazila ndani kwa ndani, na kila mwaka tunazotupa ni nyingi kuliko tunazookoa.

Namba ya simu iliyo kwenye kava haipatikani tena, kwa hivyo nimempa barua hii dereva wa gari la vifurushi akuulizie mtaa wa Majengo, Embu. Je, umebaki na kanda zozote? Na yule dada aliyekuwa kwenye kibodi, ni nani?

Wako,
Gatwiri

---

Embu, 11 Februari 2025

Binti Gatwiri,

Barua yako ilinikuta buchani. Dereva aliuliza Sulemani wa video, vijana wakamwambia hapa yuko Sulemani wa nyama peke yake. Nikamwambia lete, wote wawili ni mimi. Kazi ya video ilikufa siku kila mtu alipopata simu yenye kamera, nikarudi kwenye kisu cha marehemu baba. Na usinitumie namba ya simu. Zile za kugusa kioo hazisikii vidole vyangu kwa sababu ya mafuta ya mbuzi. Nitakuandikia.

Uliyoyaona tuliyaita Mtetemo. Yalikuwa katika stoo ya kahawa kule Kanja, Jumamosi mchana, msimu ukiisha na stoo ikibaki tupu. Mchana kwa sababu hakuna mzazi ambaye angekubali usiku, na stoo yenyewe haikuwa na taa, umeme wa spika tuliuvuta kwa waya kutoka kiwandani. Vijana walibandika karatasi za peremende kwenye matundu ya bati, nyekundu, kijani, manjano, na jua likawa ndilo taa za disko. Walikuja na filimbi za marefa. Walitoka Runyenjes, Chuka, Kiritiri, wengine kwa miguu. Mimi niliajiriwa kupiga picha siku ya kwanza, na siku zilizofuata nilikwenda bila kuitwa.

Dada wa kibodi aliitwa Nelius. Alifundisha kompyuta katika chuo kidogo kilichokuwa juu ya duka la dawa hapa mjini. Wanafunzi wakishaondoka, yeye alibaki akitengeneza muziki. Siku moja alibeba redio ya kaseti mpaka kiwanda cha Kanja, akarekodi mashine ya kumenya kahawa, tuku-tuku-shaa, tuku-tuku-shaa, akaiingiza kwenye kompyuta, akaigeuza ngoma. Watu wa Kanja waliposikia mashine yao wenyewe ikitoka kwenye spika, walishikana mabega. Wazee waliokuwa wamesimama mlangoni kutukaripia wakaingia ndani.

Wavulana wote wa Embu walimpenda Nelius, na mimi nilikuwa kwenye foleni kabla sijampata mke wangu. Hakumtazama yeyote. Akicheza kibodi alikuwa akitoa ncha ya ulimi pembeni, hivi, kama mtoto anayejifunza kuandika. Nimesikia aliokoka, akawa mwalimu huko kwenu Meru. Sijui ukweli wake.

Nakutumia kanda nne. Ndizo zilizobaki, nyingine hakuna. Usiharakishe kuzirudisha.

Wako,
Sulemani

---

Meru, 24 Februari 2025

Mzee Sulemani,

Kanda zimefika. Mbili zilikuwa safi. Moja ilikuwa na ukungu mweupe, nikaisafisha polepole kwa pamba siku nzima. Ya nne ilikatika mkononi mwangu nikataka kulia, lakini nimeiunga na inaonyesha. Sasa zote ziko kwenye kompyuta ya studio, na nakala nyingine ziko kwa rafiki.

Nimemwona msichana akicheza na mtoto mgongoni, mtoto amelala fofofo. Nimewaona vijana watatu waliojipaka masizi usoni wakazunguka stoo nzima kama treni. Nimemwona mzee mwenye kofia aliyesimama kando akitikisa kidole kimoja tu, kanda nzima, kidole kimoja. Nilicheka hadi bosi wangu akaja kuangalia kuna nini.

Na nimemwona Nelius anavyotoa ulimi. Bado anautoa, mzee, akisahihisha madaftari.

Kuna jambo sikukuambia, nawe usinikasirikie. Nelius ni mama yangu. Nilimtambua siku ile ile ya kanda ya harusi, nikaogopa kwamba ukijua mimi ni nani utaniandikia kwa adabu tu, wala hutaniambia kitu. Anafundisha hesabu katika shule ya upili karibu na Kanyakine. Nyumbani kwetu redio huwashwa kwa habari, kisha huzimwa. Sijawahi kumsikia hata akiimba jikoni.

Jumapili nilimwonyesha picha moja kwenye simu. Aliiangalia, akanirudishia simu. Nikamuuliza, "Mama, mbona uliacha?" Akasema, "Mitambo yangu iliungua mbele ya watu, wakanicheka, nikaondoka. Basi." Nikamwambia nataka kuwaonyesha watu kanda hizi Embu na Meru. Akaniambia nizirudishe kwa mwenyewe, na nikizionyesha kwa watu, nisahau njia ya Kanyakine.

Mzee, siku hiyo ulikuwepo? Ndivyo ilivyokuwa? Na kama kuna kanda ya siku hiyo, niambie hata kama ni mbaya.

Gatwiri

---

Meru, 21 Machi 2025

Mzee Sulemani,

Sijapata jibu, na najua kosa ni langu. Kama nilikuudhi kwa kukuficha, nisamehe. Nimefunga kanda zako nne vizuri na nitazituma wiki ijayo. Nawatakia mfungo mwema wewe na nyumba yako.

Gatwiri

---

Embu, 5 Aprili 2025

Binti yangu Gatwiri,

Hujaniudhi. Nilipofika mahali uliposema ni mama yako, nilikumbuka yote niliyoandika kuhusu ulimi na foleni ya wavulana, nikaona aibu kushika kalamu. Kisha Ramadhani ikaingia, na wakati huo buchani hakuna kupumua. Lakini sababu kubwa ni nyingine.

Iko kanda ya tano.

Sikukutumia kwa sababu mke wangu Mashavu yumo. Siku hizi ni Mama Aaliyah, mweka hazina wa kamati ya madrasa, watu husimama njiani wamwamkie. Katika kanda hiyo ana miaka kumi na tisa, kichwa wazi, amevaa gambuti za dada yake, buti za mpira za shambani, na anacheza kama mtu aliyetupiwa makaa miguuni. Ndiyo siku niliyomwona mara ya kwanza. Nilimwona kupitia kamera kabla sijamwona kwa macho. Kanda hiyo nimeificha kwenye sanduku la nguo zangu tangu tuoane, naye hajui ipo.

Siku ya tatu ya Idd nilimpa barua zako asome. Akasoma zote, kisha akaniuliza:

"Nelius hakujua?"

"Hakujua nini?"

"Kilichotokea baada yake kuondoka."

"Nilidhani anajua. Embu nzima ilijua."

"Nani angemwambia? Alipanda gari siku ile ile akaenda kwao. Lete hiyo kanda."

"Kanda gani?"

"Sulemani, mimi ndiye ninayefua nguo zako."

Basi tuliitazama pamoja, Aaliyah ametukalia katikati. Mtoto alimwona mamake na gambuti, akateleza kutoka kwenye kiti kwa kicheko. Nikamwambia Mashavu tunaweza kumwambia Gatwiri aikate sehemu yake. Akasema asikate hata kidogo, ila aandike mahali kwamba gambuti hazikuwa zake.

Kwa hivyo iko kwenye boksi hili. Sitakueleza kilichomo. Nitakuambia moja tu: mama yako alitoka kwa mlango wa nyuma mapema mno. Nilitoka kumtafuta mpaka barabarani, gari likawa limeshaondoka.

Wako,
Sulemani

---

Meru, 14 Aprili 2025

Mama,

Nakuandikia kwa sababu kwenye simu unakata.

Mzee Sulemani ametuma kanda ya siku ile ya mwisho Kanja. Nimeiona yote. Sitawaonyesha watu bila ruhusa yako, nakuahidi hilo, na kama utaniambia niifute mbele yako nitaifuta. Lakini naomba uitazame kwanza. Nakuja Pasaka. Nitabeba kompyuta.

Binti yako,
Gatwiri

---

Kanyakine, 17 Aprili 2025

Gatwiri,

Njoo Pasaka. Kuna mahindi mabichi na nimekuwekea maziwa. Kompyuta iache huko.

Mama

---

Kanyakine, 29 Aprili 2025

Sulemani,

Nimeandika jina lako juu ya karatasi hii na kuliangalia kwa muda. Sijaliandika tangu nikiwa msichana. Salamu kwako na kwa Mashavu.

Gatwiri alikuja na kompyuta. Nilimwambia asiilete, kwa hivyo aliificha ndani ya begi chini ya sukari. Jumatatu ya Pasaka nilikuwa mezani nachagua maharagwe. Akaiweka upande wa pili wa meza, kioo kikiwa kimemwelekea yeye, mimi naona mgongo wa kompyuta tu, akaiwasha. Nikasikia mashine ya Kanja. Nikamwambia, "Zima." Akasema, "Huitazami, Mama. Unachagua maharagwe."

Nikaendelea kuchagua. Niliujua ule wimbo, kila pigo. Nilijua pia mahali utakapofika. Niliposikia umekaribia, nilibaki nimeshika harage moja. Ukafika. Kibodi ikalia kama paka, spika zikapiga kelele, kisha kimya. Nikasikia mtu akicheka. Nikangoja wengine.

Sulemani, kicheko kilikuwa kimoja. Miaka yote hii nimekibeba kama cha watu wote waliokuwa kwenye stoo ile, kumbe alikuwa mtu mmoja tu. Kile kishindo nilichokisikia nikiwa nakimbia na begi langu, nikadhani wanapiga mabati kwa hasira, nilikisikia tena hapo mezani, na nikatambua kwamba kina mpangilio. Tuku-tuku-shaa. Nikaacha maharagwe, nikazunguka meza.

Nilimwona mkeo akikanyaga sakafu na zile gambuti, peke yake, katikati ya watu waliosimama. Nikamwona msichana mwingine akimfuata, kisha safu nzima. Wakafanya sauti ya mashine kwa vinywa. Wavulana wa filimbi wakachukua ile sehemu ya juu, sehemu niliyoisumbukia mwezi mzima nikidhani hakuna anayeisikiliza, wakaipiga yote bila kukosea. Stoo nzima ilikuwa ikiucheza wimbo wangu bila umeme. Halafu wakaanza kuniita. Kamera yako ikageuka kwenye kibodi ikakuta kiti kitupu, ikageuka mlangoni, ikarudi. Walikuwa bado wananiita picha zilipokatika.

Nililia, sitakuficha. Gatwiri akanishika bega. Kisha nikaomba arudie tangu mwanzo, na mara ya pili nikaanza kucheka, kwa sababu Mashavu alikuwa anachelewa kila pigo la nne. Mwambie. Ninafundisha hesabu, siwezi kuliona kosa nikanyamaza.

Tuliitazama mpaka ng'ombe wakaanza kulia kwa kuchelewa kukamuliwa.

Nimempa Gatwiri ruhusa. Awaonyeshe watu. Nilikuwa na miaka ishirini na mitatu, na nilidhani nimewaharibia siku.

Nelius

---

Embu, 12 Mei 2025

Mwalimu Nelius,

Mashavu anasema hakuchelewa, gambuti zilikuwa kubwa. Anasema pia ukija atakuonyesha kwa viatu vinavyomtosha.

Nilikwenda Kanja Jumapili. Stoo ipo. Wamebadilisha bati upande mmoja, lakini sakafu ni ile ile. Mwenyekiti wa ushirika wa kahawa siku hizi ni Kiogora, sijui kama unamkumbuka, alikuwa mwembamba mwenye filimbi ya kijani. Sasa si mwembamba. Nilipomwambia tunataka kuonyesha picha za Mtetemo mwezi wa Agosti shule zikifungwa, aliuliza, "Nelius atakuja?" Nikasema sijui. Akasema stoo ni yetu, akija au asipokuja, lakini nikuombe uje.

Basi nakuomba. Gatwiri ananiambia amekuona ukiuliza bei ya kibodi mjini Meru. Hilo mimi sikulisikia.

Sulemani

---

Kanyakine, 20 Agosti 2025

Sulemani na Mashavu,

Tumefika salama. Viazi vyenu vimefika pia, na nyama tulianza kuila kabla ya kufika Chuka. Gatwiri bado amelala, na ni saa nne asubuhi.

Nilipanga niwaandikie barua fupi ya shukrani, kisha nikaona bado nina mengi.

Mnajua nilivyoingia stoo ile. Nilikaa nyuma kabisa wakati Gatwiri anaonyesha picha kwenye shuka nyeupe, ili nikitaka kutoka nitoke. Lakini watu walikuwa wakijiona. Yule mama mwenye duka la mbolea alijiona na mtoto mgongoni, na mtoto mwenyewe alikuwa amesimama kando yake, mrefu, ana ndevu. Akamwambia, "Ndio wewe huyo umelala." Kijana akaenda karibu na shuka kujiangalia. Na yule mzee wa kidole, mjukuu wake alikuwepo. Alisema babu amefariki na hawana picha yake hata moja akiwa na furaha. Gatwiri amemwahidi kipande hicho na ninamkumbusha kila siku. Wakati ule ndipo nilipoelewa kazi anayoifanya mwanangu. Nilidhani anakusanya kelele zetu.

Nilishangaa kuwaona wanafunzi wangu watatu pale mlangoni. Walisafiri kutoka Kanyakine bila kuniambia. Mmoja aliniuliza, "Mwalimu, ile ni wewe kweli?" Nikamwambia akae chini. Ni mazoea.

Sasa nawaambia jambo ambalo hamkulisikia kwa sababu ya kelele za watu. Kabla sijakaa kwenye kibodi, Kiogora alinivuta kando. Jasho lilikuwa linamtoka na muziki haujaanza. Akasema, "Mwalimu, aliyecheka siku ile ni mimi."

Akasema, "Nilikuwa nimechuchumaa, unakumbuka tulivyokuwa tunachuchumaa, muziki ukazima, na katika ule ukimya suruali yangu ikapasuka. Watu wote waliisikia. Nikacheka kwa sababu sikujua nifanye nini kingine. Nilifunga sweta kiunoni mpaka nyumbani. Sikujua kamwe kwamba uliondoka kwa sababu hiyo, mpaka Sulemani aliponiambia mwezi wa Mei."

Nilimwangalia mwenyekiti wa ushirika, mtu mzima, baba wa watu. Nilijaribu kujizuia nikashindwa. Nilicheka mpaka nikashika ukuta, naye akaanza, na tulipotulia nilimuuliza suruali ilikuwa ya rangi gani. Akasema ya krimu. Hapo tukaanza tena. Ndiyo maana mliona nimechelewa kuketi, na macho yamelowa. Mashavu, nilikuona ukimwambia Sulemani aje kuniangalia. Hakuna kibaya kilichotokea.

Wimbo ule wa pili ni mpya. Niliutengeneza Juni na Julai, jioni, nikishamaliza kusahihisha. Gatwiri alirekodi mashine ya majani chai, mimi nikarekodi ng'ombe akikamuliwa, maziwa yakigonga ndoo ikiwa tupu na ikiwa imejaa. Sikuwa na hakika. Lakini niliona wale vijana wangu watatu wameuelewa kabla ya watu wazima, na Mashavu, lazima niseme, hukuchelewa hata pigo moja. Aaliyah ndiye anayechelewa. Mfundishe.

Sulemani, asante kwa kubeba ile kamera ya begani ingawa Gatwiri alikuwa na nyingine tatu. Nilikuona umesimama pale pale ulipokuwa ukisimama.

Mlisema nipumzike, nyinyi mtafunga vitu. Nilikataa na mlidhani ni ubishi wa mwalimu. Ukweli ni kwamba nilitaka kukaa pale nyuma ya kibodi niwatazame watu wakitoka. Walitoka polepole, wamelowa jasho, wanatafuta viatu, wanabishana wimbo upi ulikuwa mzuri zaidi, mtu amebeba mtoto wa mwenzake, wengine wanafika mlangoni wanarudi kuniaga mara ya pili. Ngoma zote nilizopiga Kanja nilikuwa nainamisha kichwa nikifunga nyaya, na ya mwisho nilikimbia. Sehemu hiyo sikuwahi kuiona. Ilinichukua mpaka mtu wa mwisho, nami sikuondoa macho.

Desemba shule zikifungwa, mje Kanyakine. Nina spika.

Nelius